Sheria Isiyotungwa na Mtu

Mji wa Lubumbashi umezoea sheria zinazotoka juu. Ulianzishwa mwaka 1910 na utawala wa Kibelgiji, ukapewa jina la Malkia Elisabeth, ukaitwa Élisabethville mpaka amri nyingine ilipouita Lubumbashi mwaka 1966. Jimbo lake lilikuwa Katanga, likawa Shaba enzi za Mobutu, likarudi kuwa Katanga mwaka 1997, kisha mwaka 2015 likakatwa vipande vinne, na Lubumbashi ukabaki makao makuu ya Haut-Katanga. Fedha nazo hazikutulia. Mwaka 1967 ilikuja zaire. Mwaka 1993 zaire milioni tatu za zamani zikahesabiwa kuwa zaire mpya moja. Mwaka 1998 zaire mpya laki moja zikawa faranga moja ya Kongo. Kila mara mwenye nguvu alisema, na kilichosemwa kikawa. Katika mji huohuo mtoto wa sekondari, awe wa Katuba au wa Kampemba, anafundishwa kwamba 3(x + 4) ni sawa na 3x + 12, na akiuliza kwa nini, mara nyingi anajibiwa kwamba ndivyo kanuni inavyosema. Anaiandika daftarini, anaikariri, anaipanga kichwani pamoja na amri nyingine zote alizozikuta duniani. Je, kanuni hii nayo ni amri? Ni nani aliyeitoa? Na ikiwa hakuna aliyeitoa, inapata wapi nguvu ya kumfunga mwalimu, mwanafunzi, gavana, na pengine hata Yule tunayemwita Mwenyezi?

Kwanza tuelewane kanuni yenyewe inasema nini. Katika aljebra, monomu ni kipande kimoja kisichokatwa na alama ya kujumlisha wala ya kutoa, kama 3 au 5x. Binomu ni vipande viwili vilivyounganishwa na alama hizo, kama x + 4. Kuzidisha monomu kwa binomu ni kukichukua kilicho nje ya mabano na kukifikisha kwa kila kilichomo ndani: 3 inakutana na x, 3 ileile nzima inakutana na 4, kisha matokeo yanajumlishwa. Binomu mbili zikikutana, (a + b)(c + d), kila kilichomo katika mabano ya kwanza kinakutana na kila kilichomo katika mabano ya pili, nasi tunapata ac + ad + bc + bd. Wanafunzi wa Lubumbashi, wanaosoma hesabu kwa Kifaransa, huiita distributivité. Kwa Kiswahili naiita kanuni ya mtawanyo. Makosa yanayofanywa hapa mara nyingi ni mawili. La kwanza ni kukifikia cha kwanza na kukiacha cha pili, hata 3(x + 4) ikawa 3x + 4. La pili ni kudhani kwamba (a + b)² ni a² + b² basi, bila 2ab ya katikati. Anayekosa hivyo hajavunja adabu ya darasa wala hajamkaidi mwalimu. Amesema jambo lisilo kweli, na uongo wake unaweza kuonekana kwa macho.

Chukua lupango, kama watu wa Lubumbashi wanavyokiita kiwanja cha nyumba, wenye upana wa mita 20 na urefu wa mita 15. Jenga ukuta wa kuukata urefu huo mahali pa mita 10, zibaki mita 5. Sasa una vipande viwili: kimoja cha mita za mraba 200, kingine cha 100, na lupango mzima ni 300 kama ulivyokuwa kabla ya ukuta. Hakuna ardhi iliyoongezeka wala iliyopotea kwa sababu ya tofali. Hiyo ndiyo 20(10 + 5) = 20·10 + 20·5. Kiwanja cha mraba chenye ubavu wa mita 12, ukikata kila ubavu penye mita 10, kinakupa mraba wa 100, mraba wa 4, na vipande viwili virefu vya mita 10 kwa 2, ambavyo jumla yake ni 40. Anayesema (10 + 2)² ni 104 ametupa vipande viwili vya ardhi vilivyo mbele ya macho yake. Euclid aliiweka picha ya namna hii mwanzoni mwa kitabu cha pili cha Misingi yake, huko Alexandria, mji wa Afrika, yapata miaka 300 kabla ya Kristo. Karibu na mwaka 820, katika Baghdad ya Khalifa al-Ma'mun, al-Khwarizmi aliandika kitabu kilichoipa aljebra jina lake, akaonyesha kwa maneno matupu, bila alama zetu za leo, jinsi ya kuzidisha kumi na moja kwa kumi na mbili: kumi mara kumi ni mia, moja mara kumi ni kumi, mbili mara kumi ni ishirini, moja mara mbili ni mbili, jumla 132. Sehemu kubwa ya kitabu hicho inahusu wosia na mirathi, kwa kuwa waliomsoma walitaka kugawa mali ya marehemu bila kumdhulumu mtoto wala mjane.

Huyu wa Alexandria na yule wa Baghdad hawakuwa na serikali moja, lugha moja wala dini moja, na wote walikuta jambo lilelile. Hilo peke yake halitoshi kuwa ushahidi, maana watu wengi wanaweza kukubaliana juu ya kosa moja. Ushahidi wenye nguvu zaidi uko ndani ya kanuni, katika yale inayoyazaa bila kuombwa. Chukua ile sheria inayowasumbua wanafunzi kuliko zote, kwamba hasi mara hasi ni chanya. Inafundishwa kama amri, na kwa kweli inafanana na amri, tena ya ajabu: kwa nini deni mara deni liwe mali? Lakini tazama. Moja ukijumlisha na hasi moja unapata sifuri, na chochote mara sifuri ni sifuri. Kwa hiyo (−1)(1 + (−1)) ni sifuri. Sasa tawanya: (−1)·1 ni −1, na (−1)·(−1) ni kitu ambacho bado hatukijui. Jumla ya viwili hivyo lazima iwe sifuri. Kitu kinachojumlishwa na −1 na kuleta sifuri ni kimoja tu duniani, nacho ni 1. Basi hasi moja mara hasi moja ni moja, na hakuna mkutano wa wataalamu ulioketi kuamua hivyo. Al-Khwarizmi aliliona hilo: alipozidisha kumi kasoro moja kwa kumi kasoro moja, alipata mia, akaondoa kumi, akaondoa kumi tena, kisha akarudisha moja, akafika 81, ambayo ndiyo tisa mara tisa. Anayetaka kuikana ile moja inayorudi itambidi akane kwamba tisa mara tisa ni 81. Amri haina tabia hii. Aliyeamua kwamba jimbo litaitwa Shaba hakulazimika, kwa uamuzi huo, kuubadilisha hata mto mmoja wa jimbo hilo. Kila amri inasimama peke yake kwa nguvu za mtoaji wake. Kweli za hesabu zimeshikana, na ukiivuta moja unazikuta nyingine zote zimefuata.

Wako watakaopinga kwamba yote haya ni mapatano. Tumekubaliana kutumia alama fulani, kuzipa maana fulani, na kanuni ya mtawanyo ni mojawapo ya mapatano hayo. Jina lenyewe lilibuniwa na Mfaransa François-Joseph Servois mwaka 1814, na kabla yake hakuna aliyeiita hivyo. Tena, watasema, ziko nchi za hesabu ambako kanuni hii haina nguvu. Katika namba za mpangilio zisizo na mwisho alizozichunguza Georg Cantor, kutawanya upande mmoja kunakubali na upande mwingine kunakataa. Mwaka 1936 Garrett Birkhoff na John von Neumann walitoa hoja kwamba katika mantiki ya fizikia ya chembe ndogo kabisa, kanuni inayofanana na hii, ile ya kutawanya «na» juu ya «au», inabidi iachwe. Pingamizi hili ni zito. Ni kweli kwamba watu huchagua watakachokizungumzia, na ni kweli kwamba majina ni yetu. Ila tazama jinsi hali hizo za kipekee zilivyopatikana. Cantor hakutangaza kwamba kuanzia leo mtawanyo umefutwa. Alichunguza namba zake akakuta haukubali, hata kama angependa ukubali. Birkhoff na von Neumann hawakupiga kura. Waliyafuata yale ambayo vipimo vya maabara na mahesabu yalikuwa yakiwalazimisha. Hata mahali kanuni inapokoma hapakuwekwa na mtu. Mapatano yanakuwezesha kuchagua mlango wa kuingilia. Ukishaingia, hushauriwi tena juu ya umbo la nyumba.

John Stuart Mill, katika kitabu chake cha mantiki cha mwaka 1843, alishika njia nyingine. Kwake, kweli za hesabu ni mazoea mapana sana yaliyotokana na kuona: tumehesabu kokoto mara nyingi mno, tukajumlisha, tukatengeneza kanuni. Jibu kwa Mill linaweza kupatikana katika vitabu vya hesabu vya migodi ya Katanga. Sheria ya Madini ya Kongo ya mwaka 2002, kama ilivyorekebishwa mwaka 2018, inatoza mrabaha wa asilimia 3.5 kwa shaba, na inaelekeza fedha hizo zigawanywe hivi: asilimia 50 kwa serikali kuu, 25 kwa jimbo, 15 kwa mamlaka ya mahali mgodi ulipo, na 10 kwa mfuko wa vizazi vijavyo. Tuseme shaba ya thamani ya dola milioni moja imetoka kwa mafungu mawili, la dola 600,000 na la dola 400,000. Karani mmoja anatoza milioni yote kwa pamoja na kupata dola 35,000. Mwingine anatoza kila fungu peke yake, anapata 21,000 na 14,000, anajumlisha. Kisha mmoja anaigawa jumla hiyo: 17,500 kwa Kinshasa, 8,750 kwa jimbo, 5,250 kwa mamlaka ya mahali, 3,500 kwa mfuko, na mwingine anagawa kila fungu kwanza, kisha anajumlisha alichopata kila mmoja. Lazima wafike mahali pamoja. Sasa tuseme hawakufika, na kwa mamlaka ya mahali zimeonekana dola 4,000 tu. Kama kanuni ingekuwa mazoea yaliyotokana na kuona, tungelazimika kusema: basi, leo tumeona mfano unaoipinga, kanuni imedhoofika. Hakuna mkaguzi anayesema hivyo, wala hapaswi kusema. Anasema dola 1,250 zimekwenda mahali, anaanza kutafuta ni wapi na kwa mkono wa nani.

Nasisitiza hapo kwa sababu ndipo uzito wa jambo ulipo. Zile asilimia 50, 25, 15 na 10 ni amri: bunge lilizipanga, linaweza kuzipangua kesho, na mtu ana haki ya kudai kwamba 15 ni kidogo mno kwa kijiji kinachovuta vumbi la mgodi mchana kutwa. Kanuni ya mtawanyo haisemi lolote kuhusu hilo. Haki ya mgawo haitoki ndani ya aljebra, na anayedhani 3(x + 4) inatufundisha ukarimu ameipa hesabu mzigo usio wake. Inachofanya ni kingine: ikishaamuliwa kwamba kila mmoja apate kiasi gani, yeyote mwenye kalamu anaweza kukagua kama amekipata. Katiba ya mwaka 2006, katika kifungu cha 175, inayapa majimbo asilimia 40 ya mapato ya kitaifa na kutaka zizuiliwe palepale zinapopatikana. Kwa miaka mingi fedha hizo zimekwenda kwanza Kinshasa na kurudishwa kwa kadiri ya Kinshasa. Ugomvi huo wa Katanga na makao makuu ni mrefu na una pande mbili, lakini pande zote mbili zinapopeleka hoja zao zinatumia hesabu ileile. Waziri hana mtawanyo wake na mwalimu wa Ruashi wake. Kama kanuni ingekuwa amri ya mwenye nguvu, asiye na nguvu asingekuwa na cha kumkagulia.

Liko pingamizi jingine, nalo lilichapishwa katika mji huuhuu. Mwaka 1945, Élisabethville, kilitoka kitabu cha Padri Placide Tempels, Mfransisko Mbelgiji aliyeishi kati ya Waluba wa Katanga, kuhusu falsafa ya Kibantu. Alitaka kuwatetea watu aliowahudumia dhidi ya wakoloni waliosema hawana fikra, na nia hiyo ilikuwa njema. Hoja yake ilikuwa kwamba Mbantu anauona ulimwengu kama nguvu zinazokua na kupungua, na kwamba mantiki yake yote imejengwa juu ya msingi huo, tofauti na msingi wa Mzungu. Na kwamba Mbantu mwenyewe, ingawa anaiishi falsafa hiyo, hawezi kuitaja kwa utaratibu, hivyo Mzungu amsaidie kuitaja. Aimé Césaire alimkosoa mwaka 1950, Fabien Eboussi Boulaga mwaka 1968, baadaye Paulin Hountondji, na V. Y. Mudimbe, aliyefundisha chuo kikuu hapa Lubumbashi katika miaka ya 1970, akachambua jinsi Afrika ya vitabu hivyo ilivyobuniwa. Kwa hoja yangu inatosha kuuliza: ikiwa akili za watu zimejengwa juu ya misingi tofauti, kanuni ya mtawanyo ni ya msingi upi? Mama anayeuza makaa katika soko la Kenya hapa mjini, akiulizwa bei ya magunia 12 kwa faranga 35,000 kila moja, haombi kalamu. Kumi ni 350,000, mawili ni 70,000, jumla 420,000. Ameivunja 12 kuwa binomu na kutawanya 35,000 juu yake, sawasawa na al-Khwarizmi. Ukimwuliza kwa nini amefanya hivyo atakueleza vizuri, na ukimdanganya kwamba jumla ni 357,000 atakuonyesha palipokosewa. Haiishi tu kanuni hiyo gizani akisubiri padri aitaje. Anaijua pamoja na sababu yake, ingawa hajui jina alilolibuni Servois.

Kutoka hapo wengine hukimbilia kusema kwamba hesabu basi ni ya Waafrika, au ya Waarabu, au ya Wagiriki, kama watu wanaogombea shamba la urithi. Sioni haja. Misalaba ya shaba iliyofuliwa Katanga karne nyingi kabla ya wakoloni ni ya Katanga, maana mikono iliyoifua inajulikana ilikuwa wapi. Ukweli kwamba a(b + c) ni ab + ac haukufuliwa. Mtoto wa Katuba anapoukuta kwenye kitabu cha Kifaransa hajaingia nyumba ya mgeni, na hadaiwi shukrani wala aibu.

Sasa swali la Mungu. René Descartes, katika barua alizomwandikia Padri Marin Mersenne mwaka 1630, alidai kwamba kweli za hesabu zimewekwa na Mungu kama mfalme anavyoweka sheria katika ufalme wake. Mungu angetaka, zingekuwa vingine. Descartes alidhani kusema kinyume ni kumfunga Mungu kwa kitu kilicho juu yake, kama wapagani walivyoifunga miungu yao kwa majaliwa. Muumini wa Lubumbashi anaweza kuvutiwa na maneno hayo. Katika makanisa mengi ya uamsho ya mji huu, na si ya mji huu peke yake, ukuu wa Mungu hupimwa kwa kuvunja kwake kanuni: asiyepona amepona, pasipo na fedha zimeonekana. Kwa nini basi asiweze kuifanya 3(4 + 2) isiwe 3·4 + 3·2? Lakini mfano wa mfalme ndio unaoniogopesha. Tunawafahamu wafalme. Tunafahamu amri zinazobadili jina la mji na thamani ya noti usiku mmoja. Mungu ambaye kweli yake ni kweli kwa kuwa tu ameiamuru hatofautiani nao kwa jambo lolote ila urefu wa mkono, na anayemwabudu anaabudu nguvu. Tena, Mungu huyo akiahidi, ahadi yake ina thamani gani? Kesho anaweza kuamuru kwamba kutimiza na kutotimiza ni kitu kimoja.

Abu Hamid al-Ghazali, mwanazuoni mkubwa wa Kiislamu aliyefariki mwaka 1111, aliligusa jambo hili katika kitabu alichosimulia humo jinsi alivyotafuta yakini. Anasema, kwa maana yake, kwamba akijua kumi ni zaidi ya tatu, kisha mtu akamwambia tatu ni zaidi, na kwa kuthibitisha akageuza fimbo kuwa nyoka mbele ya macho yake, atastaajabu jinsi mtu yule alivyoweza, lakini kuhusu tatu na kumi hatatia shaka hata kidogo. Al-Ghazali hakuwa mtu wa kupunguza uwezo wa Mungu. Aliwapinga wanafalsafa kwa nguvu zake zote walipodai kwamba moto unaunguza kwa lazima. Hata hivyo aliona kwamba muujiza ni jibu la swali jingine. Fimbo iliyogeuka nyoka inaonyesha kwamba fimbo inaweza kugeuka. Haigusi namba.

Miaka mia saba kabla yake, Augustino wa Hippo, Mwafrika wa pwani ambayo leo ni Algeria, alikuwa ameifikia njia ninayoiona bora. Katika kitabu chake kuhusu uhuru wa utashi anauliza ni kitu gani wote wenye akili wanakiona kwa pamoja, kila mmoja kwa akili yake, bila yeyote kukimiliki wala kukipunguza anapokitazama. Anataja namba: saba na tatu ni kumi, sasa na daima. Kweli ya namna hiyo haiko chini ya akili, maana hatuihukumu. Hatusemi inapaswa kuwa kumi, tunakuta ni kumi. Wala haiko sawa na akili, kwa kuwa akili zetu leo zinaona zaidi na kesho kidogo, nayo haiongezeki wala haipungui. Iko juu. Augustino akaendelea mpaka kwa Mungu, na kwake kweli hizo hazikuwekwa nje ya Mungu ili zimfunge wala hazikuamriwa na matakwa yake. Ziko katika Hekima yake, naye hawezi kuzigeuza kama asivyoweza kuwa mpumbavu. Hofu ya Descartes inajibiwa hapo. Kutoweza kuufanya uongo kuwa kweli si mnyororo, na Mungu hapungukiwi kitu akiwa mwaminifu kwa Hekima yake.

Je, hapo Augustino amethibitisha kwamba Mungu yupo? Sidhani, na ni vyema muumini aseme hivyo kwa uaminifu. Kutoka kwenye kweli isiyobadilika hadi kwa Mungu aliye hai, anayesikia na kusamehe, kuna mwendo mrefu ambao 3x + 12 haiwezi kutubeba. Mtu asiyeamini anaweza kukubali kila hatua ya hoja yangu na kuishia kwamba kweli hizo zipo tu, kama milima. Atabaki na kazi ya kueleza kwa nini kitu kisicho na mwili, kisicho na mahali, kisicho na nguvu ya kusukuma hata jani, kinalazimisha akili ya kila mtu anayekielewa. Na sijaona maelezo yake yanayoniridhisha. Muumini naye amebanwa. Hawezi tena kusema kwamba imani ni kutii bila kuona, kisha akamsifu Mungu kwa hekima. Ikiwa kweli ya hesabu ni sehemu ya Hekima ya Mungu, basi kuuliza «kwa nini» mbele ya ubao ni kuikaribia Hekima hiyo, na kumnyamazisha anayeuliza ni kumzuia asiikaribie.

Kwa hiyo hukumu yangu kuhusu ufundishaji wetu ni kali. Mwalimu anayeiweka kanuni ya mtawanyo ubaoni bila sababu, akadai ikaririwe kwa ajili ya mtihani wa Serikali, amefundisha maneno ya kweli kwa namna ya uongo, kwa maana ameifanya kweli ifanane na amri. Nafahamu majibu yake: darasa lina watoto wengi, mshahara unachelewa, programu ni ndefu, mtihani unauliza jibu na hauulizi sababu. Yote ni kweli. Lakini picha ya lupango uliokatwa kwa ukuta haihitaji vifaa. Inachorwa kwa chaki au kwa kijiti mchangani, kwa dakika tano. Na sababu yake inaweza kusemwa kwa Kiswahili cha nyumbani kabla ya kuandikwa kwa Kifaransa cha daftari, bila kupoteza chochote, maana kweli hii haina lugha inayoipendelea. Mtoto aliyeonyeshwa hivyo anaweza kumsahihisha mwalimu wake siku mwalimu atakapokosea, naye mwalimu atalazimika kukubali, bila yeyote kati yao kudhalilika.

Walimu wa Lubumbashi, na ninyi wazazi mnaoyafunua madaftari hayo jioni: mtoto akiuliza kwa nini 3 imefika mpaka kwa 4, msimjibu kwamba ndiyo kanuni. Mchoreeni lupango, mmwache ahesabu mwenyewe.